Hina ya Safia

Jumatatu, 1 Machi 1965

Mvua ya kwanza imenyesha leo, na imekuja na upepo. Niliingiza cherehani ndani mbio mbio, lakini gauni la mke wa karani limelowa upindo wote. Nilikuwa bado naukamua Safia alipoingia na viatu mkononi, maji yanamchuruzika, anacheka peke yake.

"Siku imewekwa," akasema. "Ndoa ni Ijumaa ya mwisho ya Aprili, baada ya Idi Kubwa. Alhamisi yake ni hina."

Nikamkumbatia hivyo hivyo na maji yake. Safia ni binti wa mama yangu mdogo, Amoit, aliyeolewa hapa Busia na Mzee Ayub mwenye lori, akasilimu na kuitwa Mariam. Amoit alipofariki, Safia alikuwa mtoto wa kung'oka meno. Yeye akalelewa hapa mjini, mimi nikakulia kijijini Moding, na hatukujuana mpaka nilipokuja kujifunza ushonaji. Alinisimamisha sokoni akanitazama sana, akasema, "Dada, una uso wa mama yangu." Tangu siku hiyo hatujaachana.

"Harusi ni ya Shangazi," akaendelea. "Ataipanga anavyotaka. Lakini siku ya hina ni yangu, na nataka uipange wewe."

"Mimi Mkatoliki, Safia. Mambo ya hina nayajulia wapi?"

"Unanijua mimi, inatosha. Na wewe peke yako ndiye unaweza kumleta mama mkubwa."

Mama mkubwa ni mama yangu, Apeduno. Hajakanyaga nyumba ile tangu dada yake alipozikwa. Nimesema ndiyo kwa sababu Safia alikuwa ananishika mikono yote miwili.

Alhamisi, 4 Machi

Nimekwenda kwa Shangazi Hadijah. Ni dada mkubwa wa Mzee Ayub, mjane, na ndiye aliyemlea Safia. Sisi sote tunamwita Shangazi, hata wenye maduka wanamwita hivyo. Ni mrefu, mwembamba, na hajawahi kunipandishia sauti hata siku moja. Hilo ndilo linaloniogopesha. Yeye haniiti Asio kama watu wengine. Ananiita Petronilla, jina langu la ubatizo, kana kwamba ananikumbusha kanisa langu liko upande gani.

Alinipa chai, akaningoja nimalize kikombe.

"Petronilla, unajua wanawake gani wanakuja hina ya nyumba kama hii?"

"Sijui, Shangazi."

"Wanatoka Tororo. Wanatoka Mumias. Wataangalia pilau, wataangalia mikeka, watasikiliza matari. Wakirudi kwao watasema. Na wakisema vibaya, hawatataja jina lako. Watataja langu."

"Nimeelewa, Shangazi."

"Na pombe ya wimbi isipite mlango huu."

"Haitapita."

Akageuka kutazama mvua uani. "Na watu wa Moding? Umewaalika?"

"Safia anawataka."

"Basi waje," akasema. "Kama watakuja."

Kwa namna alivyolisema hilo, nilijua ana hakika hawatakuja. Nimemchukia njia nzima mpaka nyumbani.

Jumapili, 7 Machi

Mvua. Baada ya Misa sikushona hata tundu la kifungo.

Jumatano, 10 Machi

Kichwa kinaniuma. Kila nikikaa kwenye cherehani nafikiria hina itakayotoka Mombasa kwa treni. Nikiacha hina nafikiria mchele, nikiacha mchele nafikiria uani kwa Shangazi, ambako pote ni tope, na sijui wanawake wa Mumias watakalia nini. Leo nimeshona mkono wa kushoto mahali pa mkono wa kulia. Mteja amecheka. Mimi sikuweza.

Jumamosi, 13 Machi

Nimekwenda Moding, nimerudi, nina matope mpaka kwenye nywele.

Nilimkuta Mama shambani anamwaga mbegu za wimbi. Hakusimama. Nikawa namfuata nyuma nikimweleza huku miguu inazama.

"Safia anaolewa, Toto." Kwetu mama tunamwita Toto.

Hapo mkono wake ukasimama hewani. "Na nani?"

"Kijana wa Malaba, anaitwa Edris. Anaendesha gari la mizigo. Ni mpole."

"Vizuri. Nitampelekea kuku."

"Hataki kuku. Anakutaka wewe. Siku ya hina, wanawake wakikaa naye."

Alimwaga mbegu mpaka mwisho wa shamba, akageuka, akarudi mpaka pale niliposimama. Ndipo akaongea. Maneno yale nilikuwa nimeyasikia vipande vipande tangu utotoni, lakini leo aliyatoa yote pamoja.

"Habari ilitufikia asubuhi. Tukatoka mbio, mimi na wewe. Mto ulikuwa umejaa. Tulilala ukingoni kwa watu tusiowajua, unakumbuka?"

Nakumbuka. Nilikuwa mtoto, na nilifurahia kulala kwa wageni kwa sababu walitupa samaki.

"Kesho yake tukafika. Yule mwanamke, Hadijah, akasimama mlangoni. Hakusema karibu. Hakusema pole. Alisema, 'Tumeshamzika,' akageuka akaingia ndani. Basi. Dada yangu, mtoto niliyembeba mgongoni, Asio. Sikuona hata unyayo wake."

"Kwa dini yao hawakawizi kuzika, Toto."

"Najua. Kila mtu ameniambia. Hata padri aliniambia. Mimi sigombani na dini. Nagombana na mlango ule."

Akafuta mikono kwenye kanga yake. "Mwambie Safia nampenda. Mwambie kila siku naomba kwa ajili yake. Lakini mlango ule siuingii."

Jumanne, 16 Machi

Safia ameuliza. Nimemwambia Mama bado anafikiri. Huo si uongo kabisa.

Jumanne, 23 Machi

Hina imefika. Nilikwenda kuichukua mwenyewe stesheni Malaba, nikaibeba kifuani kama mtoto mchanga mpaka kwa Mama Kadija. Mama Kadija ndiye fundi wa hina na ndiye mwimbishaji. Ni mwanamke mnene mwenye sauti ya kusikika ng'ambo ya mpaka, na bila yeye hakuna bibi harusi wa Busia anayejiona ameolewa. Akafungua kifurushi. Akanusa. Akaingiza kidole, kikatoka cheusi.

"Binti, hii imenyeshewa njiani. Imeota ukungu. Kaiweke kwenye migomba."

Nilicheka mpaka nikalia, na kulia kukaendelea baada ya kucheka kuisha. Mama Kadija akanipa mandazi akasema atatafuta hina nyingine yeye mwenyewe kwa jamaa zake wa Jinja. "Kwani ulitaka kubeba kila kitu wewe peke yako?" akaniuliza. Sikuwa nimewahi kufikiri kwamba naweza kujibu hapana.

Jumanne, 30 Machi

Wiki nzima mvua inaanza alasiri, na hina itakuwa alasiri. Nimeanza kuichukulia kama mtu mwenye kinyongo na mimi.

Ijumaa, 2 Aprili

Tumegombana mimi na Safia, na ni mara yetu ya kwanza.

Nilimpelekea gauni la hina kumjaribishia. Ni la kijani, lina mikono mirefu, na nimetarizi kifua chake kwa uzi wa dhahabu mpaka macho yakauma. Alilivaa. Likamkaa kama ngozi yake. Akajitazama kwenye kioo, na badala ya kufurahi akaniuliza, "Mama mkubwa amesema nini?"

Nikachoka. Nikamwambia yote, kuhusu shamba la wimbi, na mlango, na kwamba haji.

Akaanza kulivua gauni. "Basi hakuna hina."

"Safia!"

"Nitakaa katikati ya wanawake wa Mumias wananiimbia, na wa upande wa mama yangu hayupo hata mmoja? Watu wataniona mimi mtoto wa kuokotwa. Naolewa Ijumaa, basi. Hina siitaki."

"Na mimi?" nikapiga kelele. "Mimi si wa upande wa mama yako? Nimekwenda Moding kwa miguu! Nimebeba hina iliyooza! Silali, sili, nimekosa wateja, na wewe unasema hina huitaki?"

Alinitazama mdomo wazi. Nilikuwa sijawahi kumpigia kelele mtu yeyote. Nikachukua gauni nikaondoka nalo, nikatembea sokoni kwenye mvua nimelifunika kwa mwili wangu.

Jumamosi, 3 Aprili

Safia alikuja asubuhi na chupa ya chai. Tulikunywa chai. Alipoondoka akasema, "Wewe ni wa upande wa mama yangu. Nilisema vibaya." Lakini bado macho yake hayakuwa na furaha, nami nikaona kwamba hata nikipika pilau ya kulisha wilaya nzima sitakuwa nimefanya kitu.

Jumatano, 7 Aprili

Leo nilikwenda kumwambia Shangazi kwamba nimeshindwa. Nilikuwa nimejipangia maneno barabarani. Nilimkuta jikoni anachagua mchele kwenye ungo.

"Shangazi, hina ipange wewe. Mama yangu haji, Safia hana raha, na mimi nimefika mwisho."

Hakuinua uso. "Mama yako anasema nini juu yangu?"

Sijui ujasiri ulitoka wapi. Labda ni uchovu. Nikamwambia neno kwa neno. Nikamwambia hata lile la kwamba hagombani na dini, anagombana na mlango.

Mikono yake ikatulia kwenye mchele.

"Wanaume walitaka azikwe adhuhuri," akasema. "Mimi nilisema hapana, ana dada yake, tungoje. Ayub akatuma mtu mtoni. Akarudi akasema hakuna anayevuka. Nikasema atumwe tena. Wakanikasirikia. Nikawashikilia mpaka alasiri, na baada ya alasiri sikuwa na nguvu tena. Mimi ndiye niliyemwosha. Mariam alikuwa rafiki yangu, Petronilla. Katika nyumba hii alikuwa rafiki yangu peke yake. Nililia mpaka sauti ikakauka. Kesho yake nikafungua mlango, nikamwona mama yako amesimama na uso ule ule wa Mariam. Ule ule. Nilitaka kusema mambo mengi. Nikasema moja tu, lile baya, nikakimbilia ndani nisianguke mbele yake."

Nilikuwa nimesimama tangu niingie. Hapo nikakaa chini, palepale sakafuni.

"Kwa nini hukumwambia?"

"Aliondoka. Halafu ikapita wiki. Halafu ukapita mwaka. Baada ya mwaka unaanzaje?"

"Unaenda," nikasema. "Unamwambia."

"Mimi? Kwenye matope haya, mpaka Moding?"

"Mimi nimekwenda, Shangazi. Matope yanatoka."

Akarudia mchele wake. Hakusema ataenda. Lakini nilipoaga alisema, "Hina utaipanga wewe. Sikukupa mimi, siwezi kukupokonya."

Jumatatu, 12 Aprili

Idi Kubwa. Mji mzima unanuka nyama ya kuchoma, na jua limewaka tangu asubuhi kama zawadi. Shangazi amenitumia mtu: nisiende kazini Jumatano.

Jumatano, 14 Aprili

Nataka kuandika yote kabla sijasahau hata neno.

Mzee Ayub alitupeleka kwa lori mpaka njia ilipokataa. Shangazi alikuwa amevaa buibui lake zuri, na mapajani alikuwa na kapu la nyama ya Idi iliyofunikwa kwa majani ya mgomba. Lori lilipokwama, akavua viatu, akanipa nivishike, akapandisha nguo mpaka chini ya magoti, akashuka kwenye tope bila kulalamika. Tulitembea. Aliteleza mara kadhaa. Alipoanguka kabisa, alilinyanyua kapu juu lisiguse chini, akabaki amekaa kwenye dimbwi, mkono juu. Nikaogopa kucheka. Akacheka yeye kwanza. Sikujua ana kicheko cha msichana.

Mama alikuwa anatwanga wimbi mbele ya nyumba. Alituona tukiwa mbali. Aliendelea kutwanga. Tulipofika uani alitwanga bado, na Shangazi akasimama pale, tope mpaka kiunoni, kapu kichwani.

"Hodi, Mama Asio," akasema.

Mchi ukaenda juu, ukarudi. Mara moja, mara ya pili. Kisha Mama akauegemeza kwenye kinu.

"Kapu lina nini?"

"Nyama ya Idi."

"Liweke chini. Litakuumiza shingo."

Nikaleta viti. Walikaa wakitazama kuku. Mimi nilikaa mlangoni. Shangazi alianza kuongea, na hakujitetea hata kidogo. Alisimulia habari ya mtu aliyetumwa mtoni akarudi, akatumwa tena. Akafika kwenye mlango, akasema, "Nilipaswa kukushika mkono. Sikukushika. Nakuomba unisamehe, lakini hata usiponisamehe nimekuja kukuambia."

Mama alikuwa anatazama mikono yake. Swali lake lilikuwa moja.

"Ni wewe ulimwosha?"

"Kwa mikono hii."

"Hakuguswa na mtu baki?"

"Wanawake tu, na mimi nilikuwa kichwani kwake."

"Nywele zake? Alikuwa na nywele nyingi. Mlizifanya nini?"

"Nilizisuka," Shangazi akasema. "Mikia mitatu, ndivyo tunavyofanya. Nilizisuka taratibu. Hakuwa na haraka tena."

Mama akainamisha kichwa. Nilimwona mabega yakianza kutikisika, na mimi binti yake sikuthubutu kusogea. Aliyesogea ni Shangazi. Alitoka kwenye kiti chake akapiga magoti kwenye vumbi la wimbi, akamshika Mama mikono, na wakalia wote wawili kwa sauti kama watu waliofiwa asubuhi ile. Majirani walitoka kuangalia. Mimi niliwafukuza kwa macho.

Baadaye Mama alipika ile nyama, tukala. Juu ya hina hakusema kitu. Shangazi hakuuliza. Tulipokuwa tunaondoka, Mama alimpa kuku jogoo, akamwambia, "Shika miguu vizuri, huyu ni mkorofi."

Jumapili, 18 Aprili

Pasaka. Nilimwona Mama kanisani. Nikangoja aseme. Alisema nimekonda.

Alhamisi, 22 Aprili

Omoding, mjomba wangu, amepita dukani na baiskeli. "Mama yako anasema atakuja na wanawake."

"Wanawake wangapi, Mjomba?"

"Aliposema nao, wote walisema ndiyo."

Nimeimba barabara nzima mpaka kwa Safia. Safia aliruka, akaniangusha, tukaanguka pamoja juu ya mikeka mipya. Kisha tukakaa tukatazamana. Wote wa Moding! Watakula nini? Watakaa wapi? Na akina mama wale, sherehe bila chungu cha pombe katikati hawaijui kabisa.

Nilimpelekea Shangazi habari hiyo. Akafikiri.

"Mariam alikuwa anapika uji wa wimbi, anautia ukwaju," akasema. "Mwambie mama yako alete huo. Vyungu kwa vyungu. Uji nitaupokea mimi mwenyewe mlangoni, Asio."

Asio. Nimeisikia vizuri.

Jumatatu, 26 Aprili

Hina ya Jinja imefika, kijani, inanukia. Mama Kadija ameibusu.

Jumatano, 28 Aprili

Upepo umeng'oa makuti yote tuliyojengea kivuli uani. Mwezi uliopita ningelia. Leo nimeenda kwa Mzee Ayub nikamwambia, "Mzee, naomba turubai la lori." Akasema lori litapakiaje mizigo kwenye mvua? Nikasema lori halipakii mizigo kesho, linabeba wanawake. Alinitazama, akatikisa kichwa, akaenda kulifungua mwenyewe. Jioni lilikuwa limeshafungwa uani kutoka ukuta hadi ukuta, na chini yake pakavu.

Ijumaa, 30 Aprili, asubuhi

Jana sikuandika. Mikono yangu ilikuwa na hina.

Mvua ilianza alfajiri na haikupumzika. Lori liliondoka mapema kwenda kuwachukua. Adhuhuri wanawake wa Tororo walikuwa wameshafika, na wa Mumias, wamependeza, wanatoa miavuli na udi. Waliangalia pilau. Waliangalia mikeka. Waliliangalia turubai, na mmoja wao akasema hajawahi kuona busara kama hiyo. Safia alikaa chumbani na gauni lake la kijani. Lori halikurudi.

Halafu akaja mtu na baiskeli kutoka mtoni. Mto umejaa. Hakuna anayevuka.

Nyumba ile ile, mto ule ule. Nilikwenda kumwambia Safia. Alikuwa ameshasikia, amekaa wima kama mtu anayengoja kupigwa. Nje wageni walianza kunong'ona. Hina imeshakorogwa. Pilau inapoa. Mwanamke mmoja wa Mumias, mkubwa, aliyevaa dhahabu nyingi, akasema kwa sauti ili asikike: "Tuanze jamani. Waliochelewa watatukuta."

Mama Kadija akanitazama mimi. Wanawake wote wakanitazama. Wiki zote hizi nilikuwa nasema siku hii naipanga mimi, na sasa ilikuwa kweli.

"Hatuanzi," nikasema.

"Binti," yule mama akasema, si kwa ubaya, "mvua haingoji mtu."

"Sisi tutangoja. Chai ipo, mandazi yapo. Mama Kadija, piga tari, tuimbe za kungojea."

Akafungua mdomo kujibu. Ndipo nikasikia nyuma yangu sauti ambayo haijawahi kupanda, imepanda.

"Mmemsikia Asio!" Shangazi alikuwa mlangoni. "Hakuna atakayeugusa mkono wa mtoto huyu mpaka mama yake mkubwa afike. Afike leo, afike kesho, tutalala hapa hapa. Nyumba hii iliacha kungoja mara moja. Haitaacha tena."

Kisha Mama Kadija akapiga tari lake pigo moja zito, akaanzisha wimbo, na wimbo wenyewe ulikuwa wa kumkaribisha mgeni ambaye hajaonekana. Yule mama wa dhahabu akawa wa kwanza kuitikia. Tuliimba mpaka sauti zikaota mikwaruzo. Tulikunywa chai yote, tukapika nyingine.

Alasiri ilikuwa inaelekea kuisha nilipodhani nasikia mwangwi wa matari yetu. Mama Kadija akanyamazisha mkono. Haukuwa mwangwi. Ilikuwa ngoma nyingine, inatoka barabarani, na juu yake vigelegele.

Tulitoka wote. Lori la Mzee Ayub lilikuwa linakuja polepole, halina turubai, na nyuma yake wamesimama wanawake wa Moding, wamejaa mpaka ukingoni, wamelowa, wanaimba, wamekumbatia vyungu vya uji. Mto ulipowakatalia, walizunguka kwa miguu mpaka daraja la reli, wakapita juu ya mataruma mmoja mmoja, vyungu vichwani, na mama yangu mbele. Dereva, aliyekwama ukingo wa huku, akazunguka kuwapokea upande wa Malaba. Hakuna chungu hata kimoja kilichomwagika.

Mama alishuka wa kwanza. Akafika mlangoni. Akasimama.

Shangazi alitoka kwenye mvua bila mwavuli, akamshika mkono. Akaushika sana.

"Karibu," akasema. "Karibu, dada. Karibu nyumbani."

"Mmeshaanza?"

"Tuanze vipi? Wewe hukuwepo."

Na mama yangu akaingia mlango ule.

Safia alikimbia kutoka chumbani na gauni lake, bibi harusi hakimbii lakini yeye alikimbia, akajitupa kwenye nguo zilizolowa za mama mkubwa wake. Mama alimshika uso akawa anasema jina moja tu, la Amoit. Mama Kadija akaleta bakuli la hina, akamwonyesha Mama jinsi ya kushika kijiti, na alama ya kwanza kwenye kiganja cha Safia akaitia Mama. Ilikuwa imepinda. Mama Kadija alisema ataacha ilivyo, na kwamba hajawahi kuona nzuri kuliko hiyo.

Baada ya hapo sijui nani alianza. Matari yalikuwa yanapiga yake, ngoma ya Moding ikapiga yake, zikagombana kidogo, kisha zikakubaliana. Wanawake wa Moding wakatetemesha mabega, wa Tororo wakazungusha viuno, yule mama wa Mumias akavua dhahabu zake akampa mwenzake amshikie ili acheze vizuri. Uji wa ukwaju uliisha kabla ya pilau. Mvua ilipiga turubai kwa nguvu zote, na hakuna aliyeisikia.

Shangazi alicheza na Mama. Walicheza vibaya, wote wawili, na watu waliwapisha.

Safia alinivuta katikati, akanishika mikono. Mama Kadija akainua mkono, kukatulia, akauliza, "Nani alipanga siku hii?" Nilitaka kujificha. Wanawake wote wakaitikia jina langu, waliolijua na waliolisikia kwa mara ya kwanza, na vigelegele vikapanda mpaka nikaona turubai linataka kuondoka.

Sasa narudi kwa Shangazi. Ndoa ni baada ya sala ya Ijumaa, na Safia hawezi kufunga shela peke yake.

Jumamosi, 1 Mei

Ameolewa. Nimelala mchana kutwa.

Jumatatu, 3 Mei

Wanawake wa Moding waliondoka Ijumaa. Mama alibaki siku mbili zaidi. Jana yeye na Shangazi walikwenda wawili kwenye kaburi, hawakumtaka mtu. Walirudi wanabishana juu ya ng'ombe.

Leo lori lilikuja kumrudisha Mama. Nikamsaidia kupanda. Nilipogeuka nikamwona Shangazi anatoka mlangoni na godoro lake limekunjwa kichwani, na mkoba.

"Shangazi, unakwenda wapi?"

"Moding. Palizi ya wimbi imeanza, na mama yako hana mtu wa kumsaidia."

"Palizi unajua?"

"Nitafundishwa," akasema, akamrushia Mama godoro. Kisha akafungua pindo la kanga, akatoa funguo zote za nyumba, za stoo, za kabati la vyombo ambalo hata Safia hakuruhusiwa kulifungua, akaniwekea mkononi. "Ayub hapendi chai baridi. Usimwonee huruma paka, ni mwizi. Nikirudi, nitarudi."

Lori likaondoka, wamekaa juu ya godoro bega kwa bega, wanaongea wote wawili kwa wakati mmoja. Nilibaki barabarani mpaka wakapotea. Halafu nikaingia ndani, nikafungua madirisha yote.